Shetani alinipitia: namna ya kupima lawama kikaoni

Mweka hazina wa kikundi amesimama mbele ya wanachama, macho chini, anasema shetani alimpitia. Dereva aliyegonga banda la mama ntilie anasema ni mipango ya Mungu. Kijana aliyevunja kioo cha duka anasema haikuwa yeye, ni pombe. Na wewe uliyekalishwa kiti cha mbele unatakiwa useme neno kabla ya magharibi.

Kama binadamu kwa jumla ana hiari au hana, hilo huwezi kulimaliza kikaoni. Waliojaribu wamejaza maktaba na bado wanabishana. Lakini swali la tendo moja, la mtu mmoja, siku moja, linajibika ukifuata utaratibu. Maelekezo haya ni kwa wanaoketisha vikao: vya ukoo, vya vikoba (vikundi vya kuweka na kukopa), vya kamati ya msikiti au kanisa, vya duka au karakana.

Kwanza, yasiyo yako

Kifo, ubakaji, mtu kujeruhiwa vibaya, na jambo lolote la kumdhuru mtoto si la kikao chako. Ni la polisi, na kwa Tanzania vituo vingi vina Dawati la Jinsia na Watoto. Familia zinazomaliza mambo hayo "kienyeji" kwa mbuzi na kreti za soda zinafanya kosa la pili juu ya lile la kwanza, na aliyeumizwa ndiye anayelipia yote mawili.

Yanayobaki ni mengi: pesa za kikundi, mali iliyoharibika, ahadi iliyovunjwa, siri iliyotoka, kazi iliyoachwa. Kwa hayo unahitaji watu watatu au watano, wasiwe ndugu wa karibu wa upande wowote; daftari jipya; na saa mbili zisizo na simu. Usiketishe kikao siku tukio linapojulikana. Acha walau usiku mmoja upite, hasira zipoe. Wala usivushe wiki, kwa sababu baada ya wiki kila mtu anakumbuka alichosimuliwa, si alichokiona.

Andika matendo, usiandike hadithi

Hapa ndipo vikao vingi vinapoharibika, na kosa liko kwenye lugha yetu wenyewe. Kiswahili kina kauli ya kutendeka, tamu sana kwa mwenye kosa: kikombe kimevunjika, pesa zimetumika, mkataba umevunjika, mambo yameharibika. Sentensi imekamilika, sarufi haina dosari, na mtu hayumo. Ukiandika hivyo daftarini, utakuwa umeshamwachia mshtakiwa kabla hujamsikiliza.

Kwa hiyo mwambie asimulie tukio mara moja bila kumkatiza, kisha rudia naye mstari kwa mstari, ukigeuza kila kutendeka kuwa kutenda. "Sanduku lilifunguka" inakuwa "nani alifungua, kwa funguo za nani, saa ngapi?" Kila tendo lipate mstari wake, saa yake na mtendaji wake. Kama kweli hakuna mtendaji, mvua imebomoa ukuta au panya wamekula noti, acha kutendeka kukae palepale. Usimtafutie mtu pa kuegesha kosa kwa sababu tu kikao kimeitishwa.

Chukua kisa cha kikundi cha watu 25. Sanduku lina kufuli tatu na wenye funguo ni watatu, kama ilivyo kawaida, ili asiwepo anayeweza kulifungua peke yake. Jumamosi ya pili, zinakosekana shilingi 400,000. Mweka hazina, baada ya kubanwa, anasema: "Shetani alinipitia." Yakiandikwa kwa matendo, maneno hayo mawili yanakuwa hivi:

Jumamosi, saa 10 jioni. Wenye funguo wawili wana haraka ya kwenda harusini. Wanamwachia mweka hazina funguo zao.

Jumatatu, saa 4 usiku. Mtoto wake anapandwa na homa kali. Hospitali inataka malipo ya kuanzia. Anafungua sanduku, anachukua 60,000.

Jumanne, asubuhi. Mdai wa mkopo wa riba kubwa, ule wa kausha damu, anatishia kubeba makochi na televisheni. Anachukua 140,000.

Ijumaa. Anachukua 200,000, ananunua mzigo wa vitenge, akitumaini kuuza na kurudisha zote kabla ya kikao.

Jumamosi, saa 9 alasiri. Anawaambia wanachama kuwa mwizi aliingia usiku.

Shetani mmoja, matendo manne, na hakuna mawili yenye uzito sawa. Kama mngejadili "wizi wa laki nne" kwa mkupuo, nusu ya wanachama wangemlilia kwa ajili ya mtoto na nusu wangetaka afukuzwe kwa ajili ya vitenge, na wote wangekuwa na haki kiasi.

Maswali ya kuuliza kwenye kila mstari

*Alijua anachofanya?* Tofautisha kutojua na kutojishughulisha kujua. Aliyebeba begi la mwenzake kwenye basi kwa sababu yanafanana kabisa hana lawama. Aliyelibeba, akaliona zito kuliko lake, akasikia vyuma vinagongana ndani, akaendelea tu, anayo. Kipimo ni hiki: kulikuwa na kitu ambacho kingemfanya mtu wa kawaida asimame aulize? Sheria inafuata njia hiyohiyo. Kanuni ya Adhabu ya Tanzania na ile ya Kenya zote zinamsikiliza aliyekosea jambo la ukweli kwa nia safi na kwa sababu za maana, ila hazimsikilizi anayesema hakujua sheria.

*Aliweza kufanya vingine?* Usiulize "ungeweza kujizuia?" Kila mtu atajibu hapana. Uliza jambo linaloonekana: kama askari angekuwa amesimama mlangoni, ungefungua lile sanduku? Akikiri kuwa asingefungua, basi mkono ulikuwa wake na breki zilikuwepo. Lakini swali hili lina tundu. Mraibu wa heroini, au mgonjwa wa akili, anaweza kujishika saa moja mbele ya askari na asiweze kujishika mwezi mzima akiwa peke yake. Ukiona tendo linajirudia hata pale linapomuumiza mtendaji mwenyewe, acha kupima lawama, anza kutafuta matibabu. Lawama haimponyi mgonjwa.

*Nani alimsukuma, na kwa nguvu kiasi gani?* Aristotle, mwanafalsafa wa Ugiriki ya kale, alitoa mfano wa nahodha anayetupa shehena baharini wakati wa dhoruba. Hakuna anayetupa mali kwa kupenda, hata hivyo mkono unaotupa ni wake, na amechagua. Hatumlaumu, kwa sababu kila mwenye akili angefanya hivyo. Kwa hiyo kusukumwa hakuondoi uchaguzi. Kunaweza kuuhalalisha tu, na hilo linategemea kilichokuwa upande wa pili wa mizani. Sheria ni kali hapa. Anayejitetea kuwa alilazimishwa na wenzake kutenda kosa lazima awe ametishiwa, muda wote wa tukio, kuuawa au kujeruhiwa vibaya papo hapo. Tishio la kesho halitoshi, na la kubebewa makochi halikaribii. Kikao chenu kinaweza kuwa na moyo laini kuliko mahakama, ila msisahau kuuliza njia ya tatu. Mweka hazina alikuwa na simu. Namba ya mwenyekiti alikuwa nayo. Jumatatu ile usiku, kupiga simu kungemchukua dakika moja.

"Niliagizwa na bosi" na "wote wanafanya" yapitishwe kwenye mizani hiyohiyo. Ukimuuliza aliyeagizwa, "bosi angekufanya nini kama ungekataa?" na jibu likawa "angenuna," umeshapata uzito wake.

*Nani alimweka katika hali hiyo?* Hili ndilo swali lenye faida kuliko yote, na ndilo linalosahaulika. Mlevi aliyevunja kioo saa 6 usiku pengine kweli hakuwa na akili zake saa 6. Basi rudi nyuma. Saa 2 alikuwa nazo? Alijua kuwa akinywa hugeuka mkorofi? Saa ya uamuzi ni ile, na lawama ipelekwe huko. Pittacus, mtawala wa Mytilene katika Ugiriki ya kale, alikwenda mbali zaidi: kosa la mlevi lilipewa adhabu kubwa kuliko la mwenye akili timamu. Sheria zetu hazizidishi, ila hazimsamehi mtu kwa ulevi wa kujitakia. Aliyenyweshwa na mwingine kwa hila bila kujua ni habari nyingine.

Dereva aliyesinzia ni hivyohivyo. Aliyelala hachagui kitu. Ila saa tatu kabla, alipoanza kupiga miayo na kujimwagia maji usoni, alikuwa macho na alichagua kutosimama. Kila mara unaposikia "sikuwa na jinsi," rudi nyuma mstari kwa mstari hadi ufike pale jinsi ilipokuwepo. Na kama umerudi hadi mwanzo hukuipata, mwachie, na mseme hadharani kuwa mmemwachia, ili asitoke pale na doa.

*Ana umri na akili ya kubeba?* Tanzania, mtoto chini ya miaka 10 hashtakiwi kwa jinai, na wa kati ya 10 na 12 lazima ithibitishwe kuwa alielewa asichopaswa kufanya. Kenya, sheria ya watoto ya 2022 imeuweka mstari kwenye miaka 12, na kati ya hapo na 14 mtoto huhesabiwa kuwa hakuelewa hadi ithibitishwe vinginevyo. Waislamu wanaijua hadithi ya kalamu kuondolewa kwa watatu: aliyelala hadi aamke, mtoto hadi abaleghe, mwendawazimu hadi apate akili. Kumbuka tu kwamba mtoto kutolaumiwa hakumaanishi kutofundishwa.

Akisema "shetani," akisema "Mungu kapanga"

Usimkejeli, na usigeuze kikao kuwa darasa la dini. Lakini huna haja ya kunyamaza pia, kwa sababu dini zenyewe hazimpi nafasi anayoitafuta. Katika Sura Ibrahim, aya ya 22, shetani mwenyewe Siku ya Hukumu anawakana wafuasi wake: hakuwa na mamlaka juu yao, aliwaita tu wakaitika, basi wasimlaumu yeye, wajilaumu wenyewe. Na katika Mwanzo, Adamu alimtaja Hawa, Hawa akamtaja nyoka, kisha kila mmoja akapewa hukumu yake. Kushawishiwa kulikubaliwa kuwa kweli. Hakukukubaliwa kuwa kinga.

Kuhusu majaliwa, kisa cha kukumbusha ni cha Omar bin Khattab, khalifa wa pili wa Waislamu, karibu mwaka wa 18 Hijria, yaani karibu 639. Alikuwa safarini kwenda Sham (Syria na jirani zake), akafika Sargh, akaambiwa kuna tauni mbele. Akaamua kurudi. Abu Ubayda, kamanda wake huko Sham, akamuuliza kama anaikimbia kadari ya Mungu. Omar akajibu kuwa ndiyo, anaikimbia kadari ya Mungu kwenda kwenye kadari ya Mungu. Na akampa mfano wa mchungaji mwenye bonde lenye pande mbili, mmoja una majani na mwingine ni mkavu, popote atakapolisha ni kwa kadari. Ni wazi mchungaji anayewaacha ngamia kwenye upande mkavu wakafa njaa hawezi kumwambia mwenye mali kuwa ni majaliwa.

Kanuni ya kufanyia kazi kikaoni ni nyepesi: angalia nani anasema. "Ni mipango ya Mungu" ikitoka kwa aliyebomolewa banda ni subira, ipokee kwa heshima. Ikitoka kwa dereva aliyebomoa, ni utetezi, na utetezi unahojiwa. Mwambie: sawa, na ile breki uliyoambiwa na fundi wiki mbili zilizopita ubadilishe, hiyo mipango ilikuwa ya nani?

Vijana siku hizi wanakuja na toleo jipya: sayansi imethibitisha ubongo huamua kabla yetu. Wanasikia mwangwi wa majaribio ya mtafiti wa ubongo Benjamin Libet ya 1983, ambapo ishara ya ubongo ilionekana takriban nusu sekunde kabla ya mkono kutikisika, na mtu alijihisi ameamua baadaye kidogo kuliko ishara hiyo. Majaribio ni ya kweli. Lakini yalihusu kutikisa mkono bila sababu yoyote, na tangu 2012 wapo watafiti wanaoisoma ishara ile kama mtikisiko wa kawaida wa ubongo, si uamuzi. Vitenge havikununuliwa kwa nusu sekunde. Mtu alipanda daladala, akapatana bei, akahesabu noti.

Kupima

Tumia daraja nne tu: hakuna, ndogo, ya kati, kubwa. Msitumie asilimia. Mkisema "asilimia 35," upande mmoja utadai 30 na mwingine 40, na mtajikuta mnapatana bei kama mko gengeni.

Lawama pia haigawanywi kama mkate. Wenye funguo wawili walioondoka Jumamosi wana lawama ya kati, kwa sababu kufuli tatu ziliwekwa kwa ajili ya siku kama ile ya harusi. Ila lawama yao haimpunguzii mweka hazina hata punje. Vikao vingi hufanya hesabu ya kutoa hapa, na mjanja anatoka mwepesi kwa kuwa tu amewataja wenzake wengi.

Tenganisha pia lawama na fidia. Madereva wawili wameacha breki mbovu kwa wiki mbili. Mmoja akafika salama, mwingine akabomoa banda. Walichagua kitu kilekile, kwa hiyo kwa breki walaumiwe sawasawa, hata kama wa kwanza anajiona mtu safi. Kulipa banda ni kwa aliyelibomoa. Wapo wanafalsafa wanaoona matokeo nayo yanaongeza lawama, na tangu Bernard Williams na Thomas Nagel walipoliibua jambo hilo mwaka 1976 halijatulia. Kwa kikao, njia yetu ina faida moja kubwa: inakuruhusu kumwita yule dereva wa kwanza kabla hajabomoa kitu. Kwa upande wa pili, mtu anaweza kulipa bila kulaumiwa: mzazi wa mtoto wa miaka 6 aliyevunja dirisha kwa mpira analipa kioo, hakuna anayemwita mkosaji.

Machozi myaweke kwenye ukurasa mwingine. Majuto huja baada ya tendo, hayawezi kubadilisha alichochagua Ijumaa. Yana kazi yake: yanaamua muda wa kulipa, na kama atabaki mwanachama. Mkiyachanganya na kipimo, mwenye kipaji cha kulia atashinda kila kesi, na mwenye uso mkavu, ambaye huenda hajalala siku tatu, ataonekana jeuri. Vivyo hivyo na "tunamjua, hata baba yake alikuwa hivyo." Akisema mtu hayo, mwombe aonyeshe ni mstari gani wa daftari unaohusu baba.

Hukumu ya lile sanduku

Isomwe kwa sentensi zenye mtendaji, akiwa amekaa mbele yenu, tendo moja moja. Jumatatu: ulichukua 60,000 za matibabu ya mtoto bila kumpigia mwenyekiti, lawama ndogo, na ni ya ile simu, si ya hospitali. Jumanne: ulichukua 140,000 kulipa deni ulilokopa mwenyewe, lawama ya kati. Ijumaa: ulichukua 200,000 kufanya biashara kwa pesa za watu 25 bila ruhusa yao, lawama kubwa. Jumamosi: uliwaambia wenzako kuna mwizi, na kwa siku moja wakamshuku kijana wa jirani, lawama kubwa, na hii hailipwi kwa pesa. Aende kwa kijana yule, na wajumbe wawili, akaseme mwenyewe.

Fidia ni 400,000 zote, za hospitali zikiwemo. Vitenge vilivyobaki vihesabiwe leo, viuzwe na mtu mwingine, na salio lipangiwe tarehe kwa maandishi. Miezi mitatu inatosha kwa kiasi hicho, sita ni kumsahaulisha. Wenye funguo wawili wapigwe faini iliyomo kwenye katiba ya kikundi. Kama katiba haina faini ya kuachia funguo, iandikwe sasa, ianze na kosa lijalo, isiwarudie hao.

Kabla hamjafunga daftari, muulizeni mweka hazina kama kuna mstari umeandikwa visivyo. Akisahihisha, sahihisheni na msaini pembeni. Akikataa kusaini, andikeni kuwa amekataa. Kisha sanduku lifungwe, na kila funguo iondoke na mwenyewe.